Njia ya Kuzunguka Ukuta Usiokuwepo

Clive Maskell hakuwahi kupita pale tangu ukuta uliokata barabara yao uvunjwe, na ukuta ulivunjwa yeye bado anavaa bukta. Sasa ni mzee, mjane, mstaafu wa kiwanda cha magari, na magoti yake yanalia kila akiinuka kitini. Hata hivyo kila asubuhi, akitaka maziwa na gazeti, hutoka nyumbani kwake Cutteslowe, pembeni mwa mji wa Oxford, akayapa mgongo maduka ambayo yako pale pale mbele ya pua yake, akashika njia ya kuzunguka mtaa mzima mpaka barabara kuu. Mama yake alikuwa akizunguka hivyo hivyo. Ukuta ulipoondolewa, watu wa nyumba za manispaa walipita huku wakipiga vigelegele, mama akasimama mlangoni na aproni yake, akasema, "Sipiti mimi. Wanifungie wanavyotaka, wanifungulie wanavyotaka, halafu niseme asante?" Akazunguka mpaka siku ya kufa kwake. Clive akarithi nyumba, vyungu vya maua na njia.

Na hiyo njia, siku hizi, alikuwa ameanza kuipenda. Penye kona, karibu na sanduku jekundu la posta, hukutana na Bi. Sprake.

Bi. Sprake alikuwa mwembamba, mrefu, mwenye goti bovu na mwavuli usiomtoka mkononi hata jua likiwaka. Alihamia upande wa pili wa pale ulipokuwa ukuta miaka michache nyuma, baada ya kufiwa na mumewe. Mwanzoni walisalimiana kwa kichwa. Baadaye wakafika kwenye hali ya hewa. Mwaka uliofuata wakaingia kwenye mambo mazito, kama konokono wanaokula majani ya maharage na bei ya siagi. Wakawa wanatembea pamoja kutoka sanduku la posta mpaka dukani, na Clive akiamka asubuhi alikuwa na la kumwambia tayari. Lakini hakumwuliza anakaa nyumba gani. Mtu hamwulizi mwenzake jambo kama hilo kabla hajaambiwa. Na kwa kuwa Clive hakukanyaga mitaa ile, hakuwahi kumwona akitoka mlango gani.

Basi akaja Tamsin, binti wa dada yake, na matembezi yake.

Tamsin alisoma historia chuoni, na alipomaliza akaona kwamba wageni wanaokuja Oxford huonyeshwa minara, bustani na meza walizolia chakula watu mashuhuri, wanarudi kwao wameshiba. Yeye na wenzake wawili wakaanza kuwatembeza watu kwenye yale ambayo hayasemwi. Aliwasimamisha chini ya sanamu ya tajiri wa migodi ya Afrika, akaeleza migodi ile ilichimbwa na nani na kwa mateso gani. Aliwapeleka kwenye maktaba iliyojengwa kwa fedha za sukari, akaeleza nani walilima ile miwa huku wamefungwa minyororo. Sasa alitaka kutoka nje ya mji wa vyuo, aje Cutteslowe.

"Mjomba, wewe ndiye uliyeishi nao huo ukuta. Mimi nitasema mwaka na majina, wewe utasema ilikuwaje."

"Watu watalipa kuja kutazama mahali ambapo hakuna kitu?"

"Hapo ndipo penye utamu wake."

"Mama yako alikuwa akisema una akili nyingi. Sijui alizionea wapi."

"Utasimulia ile ya ndoo. Na ile ya bibi mlangoni. Uniahidi, mjomba. Kama umechoka, tutakubeba kwa toroli."

Clive akaahidi. Kisa hicho alikisimulia kila Krismasi, kabla ya pudini, mpaka wapwa wakawa wanamalizia sentensi zake.

Jumamosi ya mwezi wa tano wakakusanyika barabara kuu, watu kumi na kitu hivi. Walikuwemo wanafunzi wawili wa kutoka Malesia, mwalimu wa shule na mumewe, kijana mwenye kamera, na bwana mmoja mnene wa kutoka Leeds aliyeuliza mapema kama kuna mahali pa kukaa. Nyuma yao, na mwavuli wake, alikuwa Bi. Sprake.

"Bwana Maskell," alisema, "niliona tangazo dukani. Sikujua kama wewe ni nyota."

"Nyota ya mchana, Bi. Sprake. Haionekani."

Moyo wake ulichangamka. Aliona leo atasimulia vizuri kuliko Krismasi zote.

Tamsin akawaongoza mpaka mahali penyewe. Barabara ilikuwa moja, lami moja, magari yameegeshwa pande zote mbili, na kibao kidogo ukutani mwa nyumba. Clive alisimama upande wake, hatua chache kabla ya mahali ulipokuwa mstari, kama mtu aliyefika ukingoni mwa maji. Hakuna aliyetambua.

Tamsin akaeleza. Kabla ya vita vya Hitler manispaa ilijenga nyumba upande huu kwa watu maskini, na kampuni moja ikajenga nyumba za bei upande ule. Kampuni ikaogopa wateja wake watachukia majirani. Ikaikata barabara kwa ukuta wa tofali mrefu kumshinda mtu, juu ikapanda miiba ya chuma. Manispaa ikauvunja, kampuni ikaujenga tena, mahakama ikawa upande wa kampuni. Maduka na mabasi yalikuwa kule. Watoto na wanawake wenye mizigo wakawa wanazunguka.

"Na chuo kikuu kilisema nini?" aliuliza mmoja wa wale Wamalesia.

"Mama alikuwa akiosha vyombo katika chuo kimoja," alijibu Clive. "Huko waliandika vitabu vizuri sana kuhusu kuta za Warumi."

Watu wakacheka. Clive akanyoosha mabega. Akasimulia jinsi kifaru cha jeshi, wakati wa vita, kilivyokosea njia wakati wa mazoezi kikapita katikati ya ukuta kama ngumi kwenye keki. Wakacheka tena. Ndipo alipomsikia Bi. Sprake akimwambia yule mwalimu, kwa sauti ya kawaida tu, ya mtu anayeonyesha maua:

"Ile yenye mlango wa kijani, iliyogusana na ukuta, ndiyo kwangu. Ilikuwa ya baba."

Clive akaitazama nyumba ile. Mlango ule aliujua.

"Sasa mjomba," alisema Tamsin, "ile ya ndoo."

"Kile kifaru," alisema Clive, "kilikuwa na dereva kijana..."

"Umeshasema kifaru."

"Kulikuwa na kifaru kingine."

"Hakikuwepo!"

Bwana wa Leeds akauliza kama vifaru vilikuwa viwili au kimoja, maana anaandika. Tamsin akawaomba wasome kibao, akamvuta mjomba wake kando, nyuma ya gari la mtu.

"Una nini wewe?"

"Yule mama mwenye mwavuli ni binti wa Lambourne."

Tamsin akageuka kutazama, akageuka tena. "Lambourne wa ndoo?"

"Kwani kuna mwingine? Siwezi, mwanangu. Baba wa mtu, mbele ya watu, mbele ya mlango wake mwenyewe!"

"Mjomba, mimi kila wiki nasimama na watu ambao babu zao ndio hao ninaowataja. Nikianza kuruka kwa sababu fulani ni mtu mzuri, basi afadhali niwaonyeshe bustani."

"Yule ndiye mtu pekee ninayeongea naye asubuhi. Baada yake ni redio."

Tamsin alikuwa hajui hilo. Akamwekea mkono begani. "Basi sikulazimishi. Usiposema, nitasema umechoka na tutaendelea. Lakini bibi je? Tumruke bibi?"

Clive akarudi. Akavua kofia, akaishika kwa mikono miwili. Aliwatazama watu wote isipokuwa mmoja.

"Mpira wetu ulirukia upande ule," alianza. "Nikapanda. Nikafika juu, bukta ikanasa kwenye mwiba, nikaning'inia kama nguo iliyoanikwa. Mwenye nyumba akatoka. Nikadhani anakuja kuninasua. Akarudi ndani, akaja na ndoo ya maji ya vyombo, akanimwagia. Akasema, hivyo ndivyo paka wanavyofukuzwa."

Hapo Krismasi watu walikuwa wakicheka. Leo hakucheka mtu.

"Mama alinisikia nikilia. Akanishusha. Akavaa kofia yake ya kanisani, akanishika mkono na uchafu wangu, tukazunguka. Njia yote ile, tuje kugonga mlango ambao ulikuwa nyuma ya ua wetu. Mwenye nyumba akafungua, akamtazama mama juu mpaka chini, akasema wauzaji huenda mlango wa nyuma. Akafunga. Mama akasimama kidogo. Halafu tukazunguka tena kurudi."

Tamsin alikuwa anatazama chini. Kisa hiki aliwahi kukisikia mara nyingi, lakini hakuwahi kukisikia bila pudini.

"Na huyo bwana aliitwa nani?" Aliyeuliza ni Bi. Sprake.

"Nimesahau," alisema Clive.

"Wewe unayekumbuka bei ya siagi ya mwaka wa Pasaka ya theluji? Hukusahau, Bwana Maskell. Aliitwa Lambourne. Ni baba yangu."

Mtu fulani akaomba radhi, ingawa hakuwa amefanya lolote. Mwenye kamera akaishusha.

"Nilikuwa nimekaa ngazini," alisema Bi. Sprake. "Nilimwona mwanamke mwenye kofia nzuri ajabu. Ya bluu, ina manyoya. Nikamwuliza baba, ni nani yule? Akasema, hakuna mtu. Nikashangaa, mbona nimemwona." Aligonga mwavuli chini. "Nyumbani kwetu ukuta haukutajwa kamwe. Ulikuwa kama choo cha jirani. Nimekuja leo nisikie ukitajwa, na sasa nimemjua mwenye kofia."

"Haikuwa ya bluu," alisema Clive. "Ilikuwa ya kijani."

"Bluu."

"Bi. Sprake, nililala na kofia ile chumba kimoja miaka yote. Ya kijani."

"Basi baba alikuwa amewasha taa ya bluu, sijui. Manyoya je?"

"Manyoya yalikuwepo."

"Haya. Angalau." Akatoa ufunguo mkobani. "Nataka kuweka birika jikoni. Karibuni wote, ila vikombe havitoshi, wengine watakunywa kwenye bakuli. Na wewe, Bwana Maskell, utaingia mlango wa mbele. Mbele kabisa. Nitaufungua mpaka mwisho."

Bwana wa Leeds akanong'ona, "Chai imo kwenye tiketi?" Mwalimu akamkanyaga mguu.

Wote wakavuka. Clive akabaki peke yake mbele ya mstari ambao haukuwepo. Tamsin akamngoja, hakumwita. Bi. Sprake naye akasimama mlangoni, mkono kwenye kitasa.

"Mama angesema nini?" aliuliza Clive kwa sauti ya chini.

"Bibi?" alisema Tamsin. "Angesema ufute miguu kabla hujaingia kwa watu."

Clive akacheka, na katika kucheka akavuka. Hakusikia chochote cha ajabu. Lami ilikuwa lami. Alifuta viatu kwenye mkeka kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika, akaingia.

Jikoni, huku Wamalesia wakinywa chai kwenye bakuli za supu na kusifu, Bi. Sprake alimwuliza, "Kwa nini basi unazunguka kila siku? Mimi nilidhani ni mazoezi. Daktari amekwambia."

"Nazunguka kwa sababu ya mama. Na wewe je? Mbona unakuja mpaka sanduku la posta? Duka liko hapa nyuma yako. Nilidhani ni kwa ajili ya goti."

"Goti limeniomba mara nyingi nibaki nyumbani," alisema. "Nilikuwa nakuja kukutana na wewe, mjinga we."

Clive akakosa pa kuweka kikombe.

"Edwina," alisema yule mama, akampa mkono.

"Clive."

"Kesho pita hapa, Clive. Nitakungoja mlangoni."

Kesho yake akapita. Alitoka, akageukia maduka, akavuka, na Edwina alikuwa tayari na mwavuli. Clive akaanza kumweleza habari ya konokono, jinsi alivyowategea bia kwenye kisahani, na jinsi mmoja alivyokunywa akaondoka zake salama. Hajafika kwenye sehemu tamu, akainua macho, akaona mlango wa duka.

"Tumefika?" alisema.

"Tumefika."

Walitazamana. Wakanunua maziwa na gazeti, wakatoka, wakasimama kando ya barabara kama watu walioibiwa.

"Ni fupi mno hii," alisema Edwina. "Ulikuwa umefika wapi?"

"Konokono ameingia kwenye bia."

"Basi turudi kwa kuzunguka."

Wakashika njia ndefu, polepole kwa ajili ya goti, na penye sanduku la posta yule konokono alikuwa bado hajatoka kwenye kisahani.