Mdomo wa Fan Dekuan

...na jasho la nini na baridi hii ya Mlowo, rimoti inateleza mkononi, watu wamejaa kwenye mabenchi, banda la video halijajaa hivi tangu msiba wa Ezron, "Mama Lwitiko, tupe sauti basi, tumuage mzee wetu," mzee wetu, Fan Dekuan, Mchina wa watu, redio imesema asubuhi amefariki huko kwao, na filamu yake ya mwisho iko kwenye skrini bila sauti kwa sababu nimeizima mimi, nani atanielewa nikisema naogopa kufiwa mara ya pili... ni Ezron, mume wangu, aliyemleta Fan nyumbani kwetu kwenye skrini, yeye mtafsiri wa filamu asiyejua Kichina hata salamu, alikuwa anakunywa chai, anashika kipaza sauti, na kabla ya picha lazima awasimulie kwanza maisha ya bwana huyu kama anayemtambulisha mkwe, baba yake muuza tambi, utotoni akapelekwa kwenye kikundi cha sarakasi, akavunjika goti, akawa anaigiza majambazi wanaokufa mapema, mpaka akachoka kufa, ndivyo Ezron alivyosema, akachoka kufa akaanza kuongoza filamu zake mwenyewe, watu hoi kwa kicheko, halafu Fan anamkunjia ngumi adui, Ezron anamsemea, "Wee, nimetoka kuchuma kahawa Igamba, usinichoshe!"... koo lilipoanza kumsumbua Ezron tukasema ni maneno mengi, pumzika siku mbili tatu, tukampa asali, tulikuwa wajinga, Mungu wangu, asali... na tangu tumzike, mchana banda likiwa tupu naweka filamu zile za zamani zenye sauti yake, nageukia ukutani nisimwone Mchina, namsikia mume wangu akitukana majambazi, nacheka peke yangu, nalia... ila hii Lwitiko kainunua Tunduma juzi, imetoka Ezron hayupo, hakuna aliyeitafsiri, Fan kazeeka, hapigani tena, amekaa mlangoni anamngoja mwanawe, midomo inatikisika, na nikibonyeza hapa itatoka sauti ya mtu mwingine, "Mama, sauti imekufa?" huyo Gibson wa benchi la mbele, mwache, ikitoka hiyo Ezron atatoka kwenye huo mdomo asirudi... ona mashavu yalivyobonyea, naye aliumwa akiigiza, kumbe, alijua, na mimi miaka yote hii nimekaa naye sebuleni, nimekula naye, sijawahi kumsikia hata neno moja, maskini, kafa mtu simjui sauti, na kwao yuko mke anayeitafuta sauti hiyo, labda naye kageukia ukuta... ah, baba Lwitiko, umesema vya kutosha, leo msiba ni wa mwenzio, mpishe aongee mwenyewe, umekufa, mume wangu, sikuwa nimekubali, umekufa kweli... "Sauti, mama!" ndiyo, nasikia, subirini kidogo, kidole kipo hapa hapa.