Sentensi Aliyoilainisha Sabrisho

Sabrisho alimzika mkewe asubuhi, na adhuhuri ya siku hiyohiyo alikuwa amekaa kwenye mkeka wake wa kazi, udongo wa makaburini bado umeganda viatuni. Nilidhani amekuja kuniaga. Akafunua kitabu cha Kiyunani, akatafuta mahali tulipoishia, akaanza kusoma.

"Rudi nyumbani, ndugu yangu," nikamwambia. "Watu wanakuja kukupa pole."

"Mama mkwe yupo. Atawapokea."

"Na wewe?"

"Mimi niko hapa. Andika, Muhalhil."

Nikaandika. Ndivyo tulivyofanya kazi miaka yote. Yeye alikuwa Msuriani, Mkristo wa mitaa ya juu ya Baghdadi, na Kiyunani alikijua kama mtu anavyozijua njia za kwao. Alisoma, akayapitisha maneno kichwani kwa lugha ya mama yake, kisha akanitolea Kiarabu. Mimi, mtoto wa mwuza karatasi wa mtaa wa Karkh, nilikinyoosha hicho Kiarabu. Nilizoea kumwambia kinachechemea. Yeye alizoea kunijibu kwamba changu kimevaa vizuri ila hakina pa kwenda. Siku ile nilijaribu tena kumtania, nikitaka tu nimsikie. Akanitazama kama mtu anayesubiri mvua ipungue, akarudi kwenye ukurasa.

Shirini, mkewe, alichukuliwa na homa ya kiangazi, haraka mno, hata majirani wengine walipata habari ya maradhi na ya kifo kwa pamoja. Na kitabu tulichokuwa nacho mikononi kilihusu nafsi. Hatukukichagua. Ndicho alichokitaka Mutarrif, tajiri aliyetulipa, ambaye kila Alhamisi alikusanya watu barazani kwake wabishane.

Tulifika pale Myunani anapouliza nini kinabaki mtu akifa. Jibu lake lilikuwa kavu. Akili haifi, alisema, lakini kukumbuka ni kazi inayohitaji mwili, na mwili ukienda, kumbukumbu nazo zinakwenda. Kinachobaki hakimkumbuki mtu yeyote. Mkono wangu ulisita juu ya karatasi. Sauti ya Sabrisho haikusita.

"Umemaliza?" akaniuliza. "Tuendelee."

Mutarrif aliposoma kurasa hizo alikuja mwenyewe chumbani kwetu.

"Hii sentensi itaniponza," akasema. "Alhamisi anakuja Khazraj wa Basra, na mnajua mdomo wake. Kesho yake mji mzima utasema kwangu tunafundisha kwamba marehemu wetu wametusahau. Ilainishe kidogo, mwalimu. Sema inakumbuka, kwa namna yake."

Nikangoja tufani. Huyu ndiye mtu aliyewahi kufuatana na msafara hadi nchi ya Warumi, akalala kwenye baridi ya milimani, ili alinganishe neno moja na nakala ya watawa wa huko.

"Sawa," akasema Sabrisho. "Muhalhil, andika hivyo."

Nikaandika hivyo.

Alhamisi baraza lilijaa. Khazraj alikuwa mwanazuoni mnene, mwenye pumzi fupi na ulimi mrefu. "Nyinyi wapenzi wa Wayunani," alianza, "mtu akiwaambia jua limechomoza mnamwomba hoja." Watu wakacheka. Akapewa kurasa zetu, akasoma kwa sauti, na alipofika kwenye ile sentensi akaisoma mara mbili.

"Ajabu," akasema. "Nimetoka Basra nimejiandaa kwa vita, na mwenye nyumba kaninyang'anya adui. Hata huyu mpagani anakiri kwamba wafu wanatukumbuka." Akamgeukia Sabrisho, na sauti ikashuka. "Msiba wako tumeusikia, mfasiri. Mungu akupe subira. Ni kweli kasema hivi?"

"Hapana," akasema Sabrisho.

Mutarrif akacheka peke yake. "Mumsamehe, yuko msibani. Hajui anachosema."

"Ninajua. Alisema kinachobaki hakikumbuki. Nilibadilisha kwa sababu niliambiwa nibadilishe."

"Sasa mbona unasema?" akauliza Khazraj.

"Umeniuliza."

Khazraj akaziweka kurasa magotini. "Na wewe mwenyewe unaamini nini?"

"Kanisani nimefundishwa kwamba ananikumbuka. Kitabuni nimesoma kwamba hanikumbuki. Nilipokuwa kaburini nilijaribu la kwanza, nikajaribu na la pili. Yote sawa. Kama kugusa kitu kwa mkono uliokufa ganzi."

Khazraj akamrudishia Mutarrif zile kurasa. "Niletee alichosema kweli, nipate kukijibu. Siwezi kupigana na kitu ulichokipaka asali."

Kabla hatujafika mlangoni mtumishi alitufuata, akatuambia tusirudi tena.

Tulivuka daraja la mashua pamoja. Nilikuwa nimekasirika, kwa kuwa riziki ile ilikuwa yangu pia. "Kwa nini usingekataa mwanzoni?" nikamuuliza. "Au ungenyamaza mwishoni?"

"Mwanzoni sikujali. Pale barazani nilifikiri nitaona haya, au hofu. Nilitaka nione."

"Ukaona?"

"Hapana."

Kwake tulimkuta mama mkwe, Bi Talya, amepika dengu. Shirini alikuwa mtoto wake wa pekee. Alitupakulia, kisha akakaa karibu na mlango.

"Watu wanasema mnasoma habari za wafu," akamwambia Sabrisho. "Huyo Myunani wenu anasemaje juu ya mwanangu?"

Nilimkanyaga mguu kando ya sinia. Haikusaidia.

"Anasema Shirini hatukumbuki tena, mama."

Bi Talya alifikiri. "Basi huyo hakuwahi kuzaa," akasema. Akamwongezea dengu. "Shirini akinisahau, hiyo ni shauri yake huko aliko. Mimi sijamsahau. Kula, baba, umekonda."

Akala. Alikula kila kitu alichopewa, bila hamu na bila kukataa, na yule mama alimtazama mpaka bakuli likaisha. Nilitoka nikiwaacha hivyo, yeye ameinama, mama anaosha vyombo, hakuna anayelia.

Majira ya baridi tulipata kazi kwa tabibu mmoja wa ng'ambo ya mto, kitabu cha majani na mizizi ya dawa. Asubuhi moja Sabrisho alikuwa akichonga kalamu ya tete, kisu kikateleza, kikamchana kidole gumba. Damu ilidondoka kwenye karatasi safi. Alitukana kwa Kisuriani, tusi refu nisilolijua, kisha akakishika kidole na kukikodolea macho.

"Inauma," akasema.

"Nikuletee kitambaa?"

"Ngoja. Inauma sana, Muhalhil."

Midomo ilikuwa ikimtetemeka. Niliondoa kile kitabu mbele yake, kisilowe, nikakaa karibu naye.