Kibendera cha Rangi ya Chungwa

Prudensia alitoka kazini saa kumi na mbili jioni akiwa hoi bin taaban. Alikuwa ameingia saa kumi na moja alfajiri, na ungemuuliza amekula nini siku nzima, angekuambia nusu ya ndizi na chai iliyopoa. Agosti ile ya mwaka 2020 kituo cha wazee pale Stafford, pembeni mwa Houston, kilikuwa kimepungukiwa watu. Wanne walikuwa wanaugua majumbani kwao, wawili walikuwa wameacha kazi kwa woga, na waliobaki ndio waliobeba mzigo wote. Aliketi ndani ya gari, akavua barakoa, akajitazama kwenye kioo. Mashavuni alikuwa na mistari kama mtu aliyelalia kamba.

"Usithubutu kulala," alijiambia kwa sauti. "Ukilala leo, Prudensia, utajilaumu mpaka kaburini."

Maana jioni ile, saa moja kamili, alikuwa na safari. Alikuwa anakwenda kutembezwa Osaka, Japani, kwa dakika tisini. Si kwa ndege, ndege gani tena mwaka ule? Mipaka ilikuwa imefungwa, watalii hakuna, na watembeza wageni wa kule walikuwa wamebuni namna ya kutafuta riziki: mmoja anatembea mjini na simu yake, anarusha picha moja kwa moja, na waliokata tiketi wanamfuata mtandaoni wakiwa wamekaa sebuleni kwao. Saa moja jioni ya Houston, kule ni saa tatu asubuhi ya kesho yake.

Sasa jamani, Osaka yenyewe Prudensia hakuwa na haja nayo. Haja yake ilikuwa kwa huyo mtembeza wageni. Alikuwa ni Vicent, mwanawe wa pekee, ambaye hawajazungumza naye kwa miezi kumi na minne.

Ugomvi wenyewe ulikuwa wa simu. Vicent alikuwa amekwenda Osaka mwaka 2018 kusomea shahada ya pili ya uhandisi, na mama yake akatangaza habari ile kanisani, kazini, mpaka kwa ndugu wa Bukoba. Mwaka mmoja baadaye kijana akapiga simu kusema ameacha chuo. Hakuyapenda yale masomo, alikuwa anajikaza tu kwa ajili ya mama yake. Amepata kazi ya kutembeza wageni mjini na anaipenda. Prudensia alikuwa kwenye maegesho ya kituo, ametoka kumwosha mzee wa tisa siku hiyo. Maneno yakamtoka kabla hajayapima.

"Miaka kumi na miwili naogesha wazee wa watu, ili wewe ushike kibendera utembeze wazungu? Basi nenda katafute mama wa kumpa habari hizo. Mimi si mama wa mshika bendera."

"Sawa, Mama," Vicent alisema, akakata simu.

Tangu hapo, ujumbe wa Krismasi na wa Pasaka basi. Yeye Prudensia naye hakupiga. Atapigaje? Mzazi ndiye wa kupigiwa, si wa kupiga. Ndivyo alivyojiambia mwezi wa kwanza, na wa pili, na alipofika wa sita akawa hajui tena ataanzaje. Watu wa kanisani wakimwuliza, alijibu, "Yupo, anamalizia masomo." Na kila walipomwita Mama Vicent, na hakuna aliyemwita vinginevyo, alihisi kitu kinamchoma kifuani, kama amevaa nguo ya kuazima na mwenyewe yuko njiani anakuja kuidai.

Aliyemwona kijana mtandaoni ni Jedidah, Mkenya wa zamu moja naye. Alimletea simu chumba cha mapumziko wiki ile.

"Mama Vicent, hebu cheki hapa. Si huyu ni kijana wako?"

Alikuwa yeye, mrefu vilevile, katikati ya taa za matangazo, ameshika kibendera cha rangi ya chungwa. Prudensia alitazama mpaka kioo cha simu kikazima.

"Mpigie," Jedidah alisema.

"Siwezi."

"Huwezi ama hutaki?"

"Nataka nimwone tu. Nimwone yuko vipi, niisikie sauti yake. Yeye asijue."

Jedidah alimtazama, akaguna, halafu akafanya alichoombwa. Alikata tiketi kwa jina lake mwenyewe na kumtumia linki. "Nime-register kama Jedidah. Hatajua kitu. Kamera usiiwashe, wewe bonyeza tu na utulie."

Kwa hiyo saa moja kasoro dakika mbili Prudensia alikuwa mezani, sare bado mwilini, miguu kwenye beseni la maji ya vuguvugu, mbele yake ile tableti anayoitumia kusali rozari na wanajumuiya tangu kanisa lilipofungwa. Alibonyeza. Mistari ikazunguka, na dirisha likafunguka.

"Habari za asubuhi kutoka Osaka!" alisema Vicent kwa Kiingereza.

Lo! Prudensia alishika mdomo. Kijana alikuwa amefuga ndevu. Amekonda kidogo, au ni kamera? Shati limepigwa pasi, hilo alilitazama kwanza. Nyuma yake kulikuwa na mfereji mpana wa maji katikati ya mji, na maduka pande zote mbili, mengi yamefungwa. Na mkononi, ingawa hakukuwa na mgeni hata mmoja wa kumfuata kwa miguu, alikuwa na kibendera chake. Prudensia alicheka peke yake, kisha machozi yakamjia.

Vicent akaanza kuwakaribisha wageni mmoja mmoja, akisoma majina yao kwenye kioo. Mzee mmoja na mkewe wa Ohio. Mwalimu wa Kanada. Dada wawili wa Australia. Kila mmoja aliulizwa anatoka wapi na amekula nini, naye akajibu. Halafu Vicent akatulia. Alitazama kioo muda mrefu kuliko ilivyohitajika, akakohoa.

"Na yuko mgeni wetu mwingine, kutoka Texas," alisema. "Karibu sana."

Jina hakulitaja. Prudensia akashusha pumzi, akamshukuru Jedidah kimoyomoyo.

Wakaanza kutembea. Vicent alikwenda polepole, polepole mno hata yule mzee wa Ohio akauliza kama kuna tatizo. "Hakuna," Vicent alisema. "Huenda tuna mtu amechoka." Aliwaonyesha kaango la chuma lenye vishimo, mpishi akimimina uji wa ngano na vipande vya pweza, akivigeuza kwa kijiti mpaka vikawa vya mviringo. Prudensia alitazama mkono wa mpishi na kope zikaanza kumwelemea. Akajifinya paja. Akanawa uso kwa maji ya beseni lile lile la miguu, ndivyo alivyokuwa amechoka.

Kisha wakaingia soko lenye paa, na hapo Prudensia aliona jambo lililomwamsha kuliko maji. Bibi mmoja muuza mboga za kuchachusha, mgongo umepinda kabisa, alimwita Vicent kwa kumpungia mkono. Vicent alipofika hakuinama juu yake. Alikunja magoti, akashuka mpaka macho yao yakalingana, na ndipo akasema, taratibu, upande wa sikio moja. Bibi akacheka, akamkabidhi kifurushi kwa mikono miwili, naye akakipokea kwa mikono miwili.

"Ukizungumza na mzee, shuka kwanza," Vicent aliwaambia wageni, bado amechuchumaa. "Usimsemeshe kutoka juu. Hili sikulisoma Japani. Nimelelewa nalo."

Prudensia alijua kalelewa nalo wapi. Zamani, walipokuwa ndio kwanza wamefika na wanaishi chumba kimoja kule mtaa wa Alief, Jumamosi hakuwa na wa kumwachia mtoto, akawa anakwenda naye kazini. Vicent alikaa pembeni akifanya hesabu zake na kumwona mama yake akipiga magoti mbele ya kila kiti cha magurudumu kabla ya kusema neno. Miaka kumi na mitatu iliyopita hiyo, mwajiri mwingine kabisa, na mtoto hakusahau.

"Mjinga mimi," alisema Prudensia jikoni kwake. "Mjinga kabisa."

Akaamua. Mwisho wa matembezi, wageni wakianza kushukuru, atasema. Hata kama ni neno moja. Atasema, "Vicent, ni mimi," mengine yatajileta. Aliutazama muda. Zilikuwa zimebaki dakika arobaini. Akaegemeza kichwa mkononi ili asikilize vizuri, Vicent akiwa anaeleza habari za visu na wafua visu, sauti ile nzito, tulivu, sauti ya marehemu baba yake kabisa.

Na hapo ndipo usingizi wa pono ulipomchukua.

Aliposhtuka, maji ya beseni yalikuwa baridi. Nje giza limeshaingia. Saa ya ukutani ilisema saa tatu na dakika kumi. Matembezi yalikuwa yamekwisha tangu saa mbili na nusu.

"Mungu wangu!" alipiga ukelele. "Mungu wangu, nimelala!"

Alilia kwa sauti, jinsi ambavyo hakuwalilia wale wazee wawili aliowafumba macho wiki ile. Dakika tisini alizopewa, karibu nusu yake ameilalia. Aliivuta tableti aizime, akavaa miwani atafute kitufe.

Kioo hakikuwa kitupu.

Madirisha ya wageni yote yalikuwa yameondoka. Pembeni zilibaki jumbe walizoandika, naye akazisoma moja moja. *Mwache apumzike.* Huyo ni mzee wa Ohio. *Tutasikiliza kimya kimya.* Wale dada wa Australia. *Mama yako anafanya kazi nzito, tusimwamshe.* Chini kabisa kulikuwa na dirisha lake yeye, jeusi, na ndani yake maneno mawili ambayo katibu wa jumuiya aliyaandika siku alipomwekea tableti ile kwa ajili ya rozari. Prudensia aliyapitia kwa macho kila Alhamisi bila kuyaona, kwa kuwa ndivyo anavyoitwa. Mama Vicent.

Katikati ya kioo, ameketi kwenye ngazi ya duka lililofungwa, kifurushi cha bibi magotini, alikuwa Vicent.

"Umeamka, Mama?" aliuliza kwa Kiswahili.

Prudensia aliishika tableti kwa mikono miwili.

"Hukuzima kipaza sauti. Ulikuwa unakoroma, ikabidi niwaambie wageni ni mama yangu, anatunza wazee. Nimelala chumba kimoja na mkoromo ule miaka minne, ningeusahau?" Alijaribu kucheka. "Jina nililiona tangu mwanzo. Nilishindwa kulitamka mbele za watu. Sikujua kama bado naruhusiwa."

"Mbona hukuondoka?"

"Niondoke nikuache umelala peke yako?"

Prudensia alifuta uso kwa mkono wa sare.

"Nimepitwa na nini?" aliuliza.

"Na nusu ya Osaka."

"Basi nitembeze. Anza mwanzo."

"Mama, umechoka. Kesho una kazi."

"Nimesema anza mwanzo, Vicent."

Kijana aliinuka, akajipangusa suruali. Alisimama kama alivyosimama asubuhi mbele ya wale wengine.

"Karibu Osaka," alisema. "Tuanze na mgeni wetu. Unaitwa nani, na unatoka wapi?"

"Mama Vicent," Prudensia alisema. "Natoka Stafford." Akakisogelea kioo. "Na kibendera chako kiko wapi? Kinyanyue juu nikione, nisije nikapotea."

Vicent akakitoa mfuko wa nyuma, akakinyanyua.