Ndiyo Nisiyoitamka

"Hivi, Mwajabu, mtu anaweza kukubali jambo na mwenyewe hayupo?"

Jirani yangu Bi Rehani aliniuliza hivyo siku moja tukichambua mchicha. Nikamwambia anyamaze, mambo ya mahakama si ya kutania. Usiku wa kuamkia leo nililala na udhu wangu, na swali lake likaniingia ndotoni.

Mume wangu Idrisa alipofariki, nilikaa eda ndani ya nyumba hii hii. Kutoka tu edani, shemeji yangu Mbaraka ananinyooshea karatasi ya msuluhishi. Wanaiita tuzo ya makubaliano, yaani uamuzi wa msuluhishi uliotokana na ridhaa ya pande mbili. Inasema nilikwenda kwa miguu yangu, nikakubali nyumba iwe yake. Nikaenda mahakamani kulalamika kwamba ni hila. Leo ndipo wanaamua: waipitie upya tuzo ile, au mimi nihame.

Basi, ndotoni niko mahakamani, na mahakama ni jiko langu. Jaji ni mtungi. Amevaa joho, na kila akikohoa maji yanamwagika, karani anadeki. Hakuna anayeshangaa, nami naona haya kushangaa peke yangu.

Tuzo mwenyewe amekaa kwenye kigoda, mnene, anakula maandazi yangu.

"Mimi siguswi," anasema. "Nimezaliwa na makubaliano. Aliyekubali hana cha kulia."

"Kanuni ndivyo ilivyo," anasema Jaji. "Haguswi mpaka hila ionekane. Karani, msogeze kidogo, ameziba mlango."

Karani anamsogeza kwa koleo la mkaa.

"Sasa iletwe ridhaa ya mama huyu."

Anaingia mwanamke mwenye nikabu, macho tu ndiyo yanayoonekana. Ananiamkia shikamoo. Naitikia marahaba, maana adabu ni adabu.

"U nani, mwanangu?"

"Mimi ni Ndiyo yako, ile uliyoitamka kwa msuluhishi."

Tangu nizaliwe sijawahi kukutana na neno langu ana kwa ana.

"Nilikutamka lini?"

"Mwezi wa Rajabu."

"Rajabu nilikuwa edani. Sikuvuka kizingiti."

"Kizingiti aitwe," anasema Jaji.

Kizingiti anakuja akijikongoja, ameshika kiuno.

"Huyu hakuvuka, Mheshimiwa. Unyayo wake naujua, hatoki bila bismillahi. Wengine wananikanyaga kama sikuzaliwa na mama."

Tuzo anajifuta mafuta mdomoni. "Huenda alitoka kwa dharura wewe umesinzia. Dharura inaruhusiwa."

Ni kweli inaruhusiwa, hilo silipingi. Ndipo harufu ikanifikia.

"Mheshimiwa, Ndiyo huyu ananukia marashi."

Mtungi hana pua, kwa hiyo karani ananusa kwa niaba yake. Anaitikia kwa kichwa.

"Mjane wa edani hajitii manukato," nasema. "Tuseme dharura ilinitoa nyumbani. Na marashi nayo ni dharura?"

Jaji anainama kuchungulia chini ya meza. Huko amejificha msuluhishi, naye ni muhuri wa mpira.

"Wewe, hukumwambia ajifunue?"

"Mjane, Mheshimiwa, tena yuko edani. Niliona haya."

"Kama ulijua yuko edani, hukumuuliza kilichomtoa?"

"Hilo nalo niliona haya."

"Mfunueni," anasema Jaji.

Karani anainua nikabu kwa koleo lile lile. Chini yake uko uso wa wifi yangu Tausi, dada yao Idrisa na Mbaraka, aliyeniletea uji asubuhi zote za eda yangu na kunifutia machozi kwa kanga yake. Nasema innalillahi. Tuzo anadondosha andazi. Nikaamka.

Nikaswali alfajiri. Nikajiambia shetani anataka kunigombanisha na wifi yangu, nikamuombea dua Tausi kwa jina lake.

Kulipokucha nikafungua sanduku, nikatoa buibui alilonishonea marehemu. Sikuwa nimelivaa tangu alipofariki, nililiweka kwa siku nzito kama ya leo. Nikalivaa. Likaishia katikati ya miundi.

Nikaketi kitandani kutazama pindo. Limekunjwa juu na kushonwa kwa mkono, kwa uzi wa rangi ya samawati. Mimi ni mrefu, Idrisa alikuwa akiniita mwanzi, na buibui hili alilishona linifike nyayoni. Nikaendelea kutazama ule uzi mpaka macho yakaniuma.

Tausi akapiga hodi, akaingia na kikombe cha uji, mfupi kama kawaida yake, kichwa hakinifiki begani. Alikuwa ameahidi kunisindikiza mahakamani.

"Wifi, bado tu? Utachelewa kesi bure."

"Wifi, buibui langu limekuwa fupi."

Akacheka. "Au wewe ndiye umerefuka. Uzee una mambo yake."

Nikasimama mbele yake, nikamwonyesha mshono.

"Nalivaa hivi hivi," nikamwambia. "Nitamwomba Jaji akusimamishe kando yangu, nikuvalishe hili, aone linamkaa nani."

Tausi akatazama pindo. Akaweka kikombe sakafuni taratibu, akajifunika kanga mpaka puani, akatoka.