Kupigana na Kupiganisha

Tangu asubuhi miguu ya Lenox ilikataa kutulia. Alikunywa chai akiwa amesimama, akatoka mpaka lango la ploti, akarudi, akatoka tena.

"Baba Maurine, utatoboa hiyo sakafu," mkewe Selpher alimwambia. "Si uwaambie hao watu wa filamu ukweli tu?"

"Niwaambie nini? Kangemi nzima inajua naingia filamu."

Ukweli wenyewe ulikuwa wa silabi moja. Kule kwao Shinyalu, Lenox alikuwa na jina. Fahali wake walishinda mara arobaini, na isukuti zikapigwa hadi ngozi za ngoma zikalegea. Lakini kule ni fahali kwa fahali. Kazi ya mtu ni kuwaleta, kuwasifu, halafu kukaa mbali. Sasa Ndambuki, mwongozaji wa filamu, alipomwita ofisini Hurlingham, alimuuliza kama ni kweli hupigana na fahali. Lenox akajibu, "Nimepiganisha, na nimeshinda mara arobaini." Ndambuki, mtu wa Machakos asiyeujua mchezo ule, akasikia amepigana na fahali arobaini, akainuka kumpa mkono. Alikuwa akitafuta mtu wa kuigiza Mhispania mmoja maarufu, aliyepambana na fahali mbele ya maelfu ya watu kisha akawa nyota wa sinema.

Lenox aliliona kosa lile likipita, akanyamaza. Tangu aje mjini alikuwa amebeba mawe, amelinda mageti, amehama vyumba hata havihesabu tena. Alitaka watu wamtazame tena, hata kama ni siku moja.

Saa nne Lenox na watu wa filamu walikuwa kwenye uwanja wa kukodi, mbele kidogo ya maduka ya Adams Arcade. Thuo, mtunza mavazi, alihangaika kumfunga vifungo vya koti la nakshi za dhahabu.

"Vuta tumbo, mzee."

"Nimevuta tangu Kangemi."

Fahali wa kahawia akaletwa kwa kamba, akafunguliwa. Kamera ikaanza. Lenox akatikisa kitambaa chekundu. Fahali akacheua. Lenox akatikisa tena, na kabla hajajua anafanya nini, mdomo wake ukaanza kumsifu yule fahali kwa Kiluhya: pembe zake, nundu yake, mama aliyemzaa. Fahali akatega masikio, akamjia polepole, akamlamba mkono.

"Kata!" Ndambuki akafoka. "Mzee, hii ni vita ama ni posa?"

Watu wakacheka. Ndambuki hakucheka. "Thuo, leta ule mti wenye msumari. Mdunge pajani, atakuja tu."

"Usimdunge," Lenox akasema. "Kwetu mtu akimtia fahali chuma, hapigiwi isukuti tena. Hata akifa."

"Hapa si kwenu. Hapa ni Uhispania."

Thuo alikuwa ameshaushika mti.

"Si wewe umepigana na arobaini?" Ndambuki akauliza.

"Nimepiganisha, bwana. Pi-ga-ni-sha. Wao wakianza, mimi hukimbia."

Ndambuki akamsogelea.

"Na mbona siku ile hukusema?"

"Nilitaka hii kazi. Bado naitaka. Huyo Mhispania alipoingia sinema, si aliigiza tu? Niache na mimi niigize."

"Na fahali naye aigize?" Ndambuki akatazama saa. "Chagua. Ama usimame adungwe, ama uvue koti."

Lenox akaitazama kamera. Ilikuwa bado imemwelekea yeye, peke yake. Kisha akaanza kufungua vifungo. Koti likakwama mabegani, hata Thuo akalazimika kuutupa ule mti chini ili alivute kwa mikono yote miwili.

Lilipotoka, Lenox akaokota kamba, akamfunga fahali, akaanza kumwongoza kuelekea lori lililomleta.

"Mzee! Huyo amekodiwa mpaka saa kumi!" Ndambuki akafoka.

"Basi njoo umshike mwenyewe," Lenox akamjibu bila kugeuka.

Hakuna aliyesogea.