Mwananchi Aitwaye Lakini

Usiku wa kuamkia leo niliota nimefungua friji kutafuta maji baridi, nikatokea kisiwani Pwelele. Sikushangaa. Friji letu lina tabia zake.

Kwanza mjue hali ya nyumbani. Jumamosi walikuja wageni wa posa ya dada yangu Zuwena, nami, katika kuchangamsha baraza, nikawaigizia anavyokoroma. Niliigiza vizuri. Shangazi wa bwana harusi alicheka mpaka akamwaga juisi. Tangu siku hiyo Zuwena hanijibu ila neno moja. Shikamoo: "Haya." Naomba chumvi: "Haya." Nimemwomba radhi mara tatu: "Da Zuwena, nisamehe, lakini si kweli unakoroma?" "Haya."

Basi nafika Pwelele, napokewa na birika.

"Karibu, Sudi," linasema. "Dada yako yuko ofisini kwa mwenyekiti, anaandikishwa uraia."

"Uraia wa wapi?"

"Wa hapa. Huku kila mwananchi amepewa neno moja tu la kutamka mpaka kufa kwake. Ukitaka kusema jambo, unawakusanya wenye maneno, unawapanga mstari, kila mtu anatamka lake. Ndiyo lugha yetu. Sasa aliyekuwa Haya amefariki, dada yako ameomba nafasi. Muhuri ukishagonga, hatasema lingine maisha yake yote."

"Mbona wewe unasema mengi?"

"Mimi chombo. Vyombo tunaruhusiwa kupayuka."

Ofisi inakuja mpaka tulipo, inasimama. Zuwena amekaa kwenye benchi, fomu mapajani. Namwita kwa sauti. Anapunga mkono sikioni, kama mtu anayefukuza nzi.

"Maneno ya kigeni hayamfikii," linasema birika. "Lete watu."

Nikaenda kuwatafuta watu. Mwenye neno Dada alikuwa msichana anayesuka ukili barazani, akaja upesi; ni neno lenye wateja wengi. Nisamehe alikuwa mama mnene aliyelala fofofo mchana kweupe kwa kukosa kazi. Nilimtikisa mpaka kitanda kikaomba tuache.

Kazi ilikuwa kwa Nilikosa. Huyo amejificha darini mwaka wa sita.

"Hatoki kwa kuitwa," birika likanionya. "Sharti umshike mkono."

Nikapanda, utando wa buibui usoni, nikapapasa gizani, nikamshika. Nilipomshusha kwenye mwanga nikaona ana sura yangu, mpaka na lile kovu la kidevuni. Hatukulizungumzia.

Nikawapanga mbele ya benchi.

"Dada," akasema msichana.

Zuwena akainua macho.

"Nisamehe," akasema yule mama, akipiga miayo.

"Nilikosa," akasema mwenye sura yangu.

Zuwena anaanza kulegeza uso. Hapo kijana mmoja, shati limechomekwa upande mmoja tu, anajipenyeza mkiani mwa mstari.

"Lakini," anasema.

Zuwena akainamia fomu yake.

"We nani aliyekuita?" nikamuuliza.

"Lakini."

"Lakini nini?"

"Lakini."

"Haitwi huyo," linasema birika. "Hufuata wenyeji wake. Amekuja na wewe."

Tukarudia. Dada, Nisamehe, Nilikosa, na yeye huyo mkiani, anatabasamu. Nikamsogeza nyuma ya mlango. Akarudi kupitia dirishani. Nikamkalia, akatamka akiwa chini yangu. Zuwena ameshaandika jina lake lote, amebakiza sahihi.

"Wananchi," unasema muhuri kutoka mezani, "akimaliza tu, nashuka. Mimi huwa sisiti."

Nikamtazama Lakini vizuri. Kumbe hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu ambaye hajawahi kuaminiwa kukabidhiwa kitu. Nikavua ndara yangu ya kushoto, nikampa.

"Ndugu yangu, nishikie hii. Kaa nayo pale nje. Usiiachie mpaka nirudi."

Akaipokea kwa mikono miwili, kama mtu aliyekabidhiwa mtoto mchanga. Akatoka kimya, akakaa kizingitini, akaikumbatia.

Wale watatu wakasema tena. Mstari ukaishia kwa Nilikosa. Zuwena akaweka kalamu chini, akafumbua mdomo.

Hapo nikaamka. Kumekucha, mlango wa chumba changu umefungwa kwa komeo ndani kama nilivyouacha. Uani Zuwena anatoa birika jikoni. Nikamwendea kabla sijanawa uso.

"Da Zuwena. Nisamehe. Nilikosa."

Akasubiri, mkono kiunoni. "Haya, malizia."

Ndiyo kwanza aliongeza neno.

"Nimemaliza."

"Wewe? Wewe, Sudi, umemaliza?"

Kusema kweli nilitaka kuendelea. Kukoroma anakoroma, na jirani ni shahidi. Nikafungua mdomo kulitafuta lile neno langu la siku zote, nikatafuta kwenye ncha ya ulimi, nikatafuta kooni. Halipo.

Zuwena akanitazama kuanzia kichwani kushuka chini. Akaishia miguuni.

"Na ndara yako ya kushoto iko wapi?"

"Kuna mtu ananishikia."

Alicheka, halafu akakumbuka kwamba amenuna, halafu akashindwa.

"Haya," akasema, "kaa hapo unywe chai, mwehu wewe."

Ndara nimeitafuta chumba kizima, hata ndani ya friji. Sina haraka ya kuipata.