Udhu wa Mwalimu Mwanakuu

"Swala ya mtu aliyebanwa na haja?" aliuliza Mwalimu Mwanakuu.

"Makuruhi!" wasichana wakaitikia, juzuu zao zimefunguka mapajani.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu moyo wake hauko kwa Mola wake, uko chooni!"

Wakaangua kicheko. Mwanakuu alicheka nao, mapaja ameyabana chini ya kanga mpaka yanatetemeka. Tangu alfajiri hakuwa ameteremka ngazi kwenda chooni. Jua lilikuwa limekwisha pita dirisha la ukumbi, na chini ya kitovu chake palikuwa na kitu kama kaa la moto lililofunikwa jivu. Alilinyamazia. Alikuwa na mazoea nalo.

Nyumba ile ya Kibokoni ilikuwa ya wifi yake, Bi Mwanaesha. Gharib, mumewe Mwanakuu, alipokufa bila ya kuacha mtoto, Mwanaesha alimwachia mjane wa nduguye orofa ya juu asomeshe Kurani, maana nyumba yenye chuo ina heshima yake mjini. Lakini hakumficha. "Siku watoto watakapokosekana huko juu, wifi yangu, chumba nakitaka. Nina mwanangu wa kumwoza."

Na watoto hawakukosekana, kwa sababu ya jambo moja. Mwaka mmoja wa nyuma, mwezi wa Ramadhani, wanawake wa mtaa walikusanyika kwa darasa. Adhuhuri ilipoingia waliteremka wote kutia udhu, Mwanakuu hakuteremka. Alasiri vilevile. Alisimama akakunja mkono juu ya mkono, akasali kwa udhu wa alfajiri. Mwanaesha ndiye aliyeliona, na Mwanaesha akiona jambo huwa limekwisha fika mtaa wa Kuze kabla ya chakula cha jioni. "Udhu wa mwalimu wetu hauvunjiki," wakasema. Kina mama wakaleta mabinti kutoka Makadara, wengine mpaka Makupa, wapate kusomeshwa na mwanamke mwenye tohara kama yule.

Basi Mwanakuu akawa kama mtu aliyevishwa nguo ya kumbana mbele ya watu, akasifiwa ilivyomkaa, akashindwa kuivua. Maji akaacha kunywa. Kikombe cha kahawa alfajiri, basi, mpaka watoto watoke. Haja ikimshika aliizuia, ikirudi aliizuia tena, na mwisho mwili ukazoea kunyamaza.

Ila haukunyamaza. Ulianza kumchoma kama aliyejisaidia maji ya pilipili. Kila mara alidhani ana mengi, yakatoka matone, na baada ya matone hamu ileile tena. Alichemsha shayiri, akanywa madafu, moto ukapoa. Mwezi haukwisha, ukarudi. Akanywa tena, ukapoa, ukarudi. Mara ya mwisho mkojo ulitoka na wekundu, na homa ikampiga mpaka meno yakagongana. Hapo ndipo alipojitanda buibui akaenda hospitali peke yake, akipita upande wa pili wa njia kila alipowaona askari wa vita vya Wazungu wakizurura.

Mwuguzi aliyempokea alikuwa Sidi, mwanamke wa Kigiriama mwenye uso mkunjufu na ulimi usio na pazia.

"Mama, maji wanywa?"

"Nanywa kahawa."

"Kahawa si maji. Na haja ikikushika, wafanyaje?"

Mwanakuu akajivuta buibui usoni.

"Waizuia," alisema Sidi.

"Nasomesha, mwanangu."

"Kibofu hakijui kama wasomesha." Alimkabidhi vidonge vyeupe alivyoandika daktari. "Hivi vimeze mpaka viishe, hata ukijiona mzima. Na maji mengi, mama, mengi kabisa, dawa hii haitaki mwili mkavu. Haja ikija, nenda. Ukichamba, mkono uende nyuma, usirudi mbele. Ukilala na mume, amka ukajisaidie."

"Mume wangu yuko kaburini."

"Basi hilo limekuondokea. Yaliyobaki yashike. Dawa itaua ugonjwa wa leo. Wa kesho utauzaa wewe mwenyewe kwa kukaa na mkojo."

Aliyashika. Aliweka mtungi wa maji pembeni mwake akanywa mbele ya wasichana, na haja ilipokuja aliinuka, akateremka. Siku zikapita. Alasiri moja alichuchumaa chooni, maji yakamtoka meupe, mengi, bila ya uchungu wowote, akabaki palepale akilia kwa raha kama mtu aliyerudishiwa kitu kilichoibwa zamani.

Lakini choo kilikuwa chini, na njia ya chooni ilipita ukumbini kwa Mwanaesha, ambako kila siku walikaa wanawake wakisuka ukili na kutafuna tambuu.

"Wenda wapi tena, wifi?"

"Haja, wifi."

"Si sasa hivi ulikwenda?"

"Nimekwenda."

"Makubwa! Udhu wa chuma umepata kutu." Wenziwe wakacheka, mmoja akatema tambuu. Mwanaesha akangoja mpaka Mwanakuu afike mlango wa choo ndipo akapaza sauti. "Taratibu, mwalimu! Huko juu watakuwa wamefika suratul-gani wakikungoja?"

Siku ya pili yake alimzulia jina: Bi Mfereji. Siku ya tatu wasichana wadogo waliliimba ngazini, wakakoma walipomwona.

Angeyavumilia hayo. Alilolishindwa ni vidonge. Mwanaesha aliviona chumbani kwake, akateremka navyo, akaviinua mwangani mbele ya wanawake.

"Dawa ya hospitali, ya mambo ya mkojo. Mji umejaa maaskari, na mjane hana wa kumwuliza atokako. Mimi sisemi kitu." Akavirudisha kwenye karatasi yake kwa upole. "Kisonono ni jina la ugonjwa tu."

Wasichana wakaanza kupungua. Leo huyu anaumwa na kichwa, kesho yule anamsaidia mama yake. Mwanakuu alikwenda kwa Maalim Aidarus, mwanachuoni wa mtaa, akakaa nyuma ya pazia, akamweleza kwa aibu.

"Dini haikukutaka ujiue, mwanangu," alisema mzee. "Udhu ukivunjika unatiwa mwingine. Maji yapo. Kuna aibu gani hapo?"

Alirudi mbio na maneno yale, akampa Mwanaesha kama mtu atoaye hati.

"Kasema kweli Maalim," alijibu Mwanaesha, vidole haviachi ukili. "Lakini Maalim hana binti wa kuleta chuoni kwako. Mwezi ukiandama, wifi, anza kukunja vitu vyako."

Bi Shani, mke wa Muhdhar muuza vitambaa, ndiye aliyepanda kumwona. Alikuwa mwanamke mwema. Binti zake wawili walikuwa bado wanasoma kwake.

"Mwalimu wangu, mimi siyaamini wanayosema. Ijumaa nina hitima ya marehemu mama mkwe, wanawake wote watakuja. Njoo uiongoze. Kaa tangu Adhuhuri mpaka Alasiri, wakuone ulivyokuwa. Mara moja tu, wanyamaze."

"Na nikiinuka?"

Bi Shani alimshika mkono. "Usiinuke, mwalimu. Nakuomba. Mimi nimekupigania sana."

Alhamisi hakunywa baada ya magharibi. Ijumaa hakunywa kabisa. Vidonge vilikuwa bado vimebaki. Hakuthubutu kuvimeza pakavu, akavifunga kwenye pindo la kanga.

Ukumbi wa Bi Shani ulijaa wanawake bega kwa bega, moshi wa ubani umetanda chini ya boriti. Mwanakuu alitia udhu mbele yao, akasali Adhuhuri, akakaa katikati ya busati. Juzuu zikagawiwa. Sauti yake ilipanda juu ya sauti zote, safi, haikukwaruza popote. Walipokuwa nusu, haja ilimshika. Aliizuia. Bibi mmoja alimsogezea gilasi ya sharubati. Mwanaesha, aliyekaa uso kwa uso naye, aliifuata gilasi ile kwa macho. Mwanakuu akaisukuma kwa jirani.

Walipofika Yasini kaa la moto lilikuwa limefunuka. Kijasho kilimteremka mgongoni. Alisoma dua ndefu ya kumrehemu mama mkwe wa watu, akaomba kaburi lake lipanuliwe na lipoe, na wanawake wakasema amina, amina, wengine wakilia kwa utamu wa sauti yake.

Adhana ya Alasiri ikalia. Wanawake wakainuka kwenda birikani. Yeye hakwenda. Aliinuka, akashika kidogo bega la Bi Shani, akaelekea kibla. Waliporudi mikono imelowa walimkuta amekwisha simama, anawangoja. Alijua kabisa swala ile ni ya namna gani. Aliisomesha mwenyewe.

Wa kwanza kumbusu mkono baada ya salamu alikuwa Mwanaesha.

"Nilisema mimi! Sikuwaambia? Wifi yangu huyu, mke wa ndugu yangu! Wenye midomo wako wapi leo?" Akamkumbatia mbele ya watu, akambana tumboni, na Mwanakuu akauma kanga asipige kelele.

Chooni, nyumbani, yalitoka matone, na matone yalikuwa ya damu. Maumivu hayakukaa chini mara hii. Yalipanda mgongoni, chini ya mbavu, yakajikita upande mmoja. Alimeza vidonge vilivyobaki vyote kwa pamoja, akavitapika. Usiku wote Mwanaesha alimsikia akitetemeka hata kitanda kinalia, akapaza sauti kutoka chini: "Pumzika, wifi! Asubuhi una watoto wengi!"

Na kweli walikuwa wengi. Walijaa ukumbi, wakajaa na ngazi. Mwanaesha mwenyewe alisimama mlangoni akiwapokea mama zao, akiwaonyesha pa kuweka viatu. Mwanakuu alikaa ameegemea ukuta, midomo imekauka, macho yanang'aa, na wanawake walinong'onezana jinsi uso wake ulivyokuwa na nuru.

Mama mmoja wa Makupa, mgeni, alimsukuma mbele kitoto kidogo kilichopakwa wanja.

"Mpulizie, mwalimu. Ni siku yake ya kwanza."

Mwanakuu akasoma Fatiha, akampulizia utosini. Mtoto akaruka nyuma.

"Mama, pumzi yake yaunguza!"

"Nyamaza, mwanangu. Kaa hapo karibu naye."

Mtoto akakaa. Juzuu ikafunguliwa mbele yake. Mwanakuu akashika kijiti cha kuonyeshea, akakiweka chini ya alifu, na kijiti kikatetemeka juu ya karatasi. Kidole cha mtoto kikakifuata kwa makini, kikitetemeka vilevile, herufi kwa herufi.